Sauna ya Alhamisi

Haya nilisimuliwa na Impi, jirani yangu, mwaka jana tulipokuwa jikoni kwangu tukichambua matunda ya porini ya kupikia jamu. Impi ni mjane wa Ilmo Pärssinen, yule aliyetunga muziki wa karibu filamu zote tulizotazama ujanani. Nilimuuliza tu: hivi marehemu alijuaje wimbo upi watu wataupenda?

Impi akacheka. "Hakujua. Aliyejua ni baba yangu, na Baba mwenyewe hakuwa msemaji."

Kiangazi kimoja cha zamani, Ilmo alikuwa bado hana jina. Alitunga nyimbo mbili kwa ajili ya filamu ya wasukuma magogo mtoni, na mwongozaji, Bwana Granlund wa Helsinki, akamwonya: "Watu wa mashamba ndio wanaojaza sinema. Chagua wimbo mmoja, unipigie simu Alhamisi kabla ya jioni. Ukikosea, sikuiti tena."

Sasa baba yake Impi, mzee Nestori, alikuwa amesukuma magogo hayo tangu ujana wake. Ndiyo maana Ilmo akaja na mkewe huku kwetu. Alhamisi mchana akakaa kwenye kinanda cha kukanyaga, akampigia mzee wimbo wa kwanza.

"Mzuri," akasema Nestori. "Mzuri sana, mkwe."

Akampigia wa pili. Mzee akatazama dirishani. Wimbo haujaisha, akainuka, akavaa kofia, akatoka bila neno.

Ilmo alikuwa Mkarelia, mtu wa mashariki. Kwao mtu akipenda kitu, majirani wote wanasikia. Akaona jibu kalipata, akadandia baiskeli kwenda dukani, kwenye simu pekee ya kijiji. Impi alikuwa akipalilia viazi kando ya njia.

"Wa kwanza!" Ilmo akapaza sauti akipita. "Baba kasema mzuri sana!"

Impi akabaki na jembe mkononi. Baba yake aseme mzuri sana? Hayo alikuwa akimwambia mchungaji baada ya mahubiri, na wachuuzi aliotaka waondoke. Akageuka. Kule ziwani, bomba la sauna, kibanda chetu cha kuogea mvuke, lilikuwa likitoa moshi.

Akachukua baiskeli ya mzee, akakanyaga mpaka sketi ikaingia kwenye mnyororo ikachanika. Dukani akamkuta Ilmo na simu sikioni.

"Usiseme kitu!"

"Impi, bwana mkubwa yuko kwenye laini!"

"Baba anawasha sauna!"

"Si aoge tu?"

"Leo Alhamisi, wewe Mkarelia!"

Kwetu sauna ni Jumamosi. Siku nyingine huwashwa kwa jambo kubwa tu: mtoto akizaliwa, au maiti ikitakiwa kuoshwa. Elviira mwenye duka, aliyekuwa akipima kahawa, akashika kifua.

"Jamani, kwa Nestori kafa nani?"

"Hakuna aliyekufa," Impi akasema akihema. "Kapigiwa wimbo."

Elviira akamtazama Ilmo kuanzia viatu mpaka nywele. "Huyu ndiye kaupiga? Basi mwambie huyo bwana wako mimi hiyo filamu naitazama."

Ilmo akairudia simu. "Bwana Granlund," akasema, "ni wa pili."

Filamu ilipotoka, watu walirudi nyumbani kwenye theluji wakiuimba wimbo huo, na Granlund akamwita tena, na tena.

Lakini jioni ile ya Alhamisi hayo hayakuwa yamejulikana. Wanaume wawili walikaa kwenye mvuke, Ilmo hana raha.

"Baba, ule wa pili una nini?"

Nestori akayamwagia maji mawe ya moto.

"Niambie kidogo tu, Baba. Nitatungaje mwingine?"

"Mkwe, unaongea kuliko redio. Geuka nikusugue mgongo."

Akamsugua kwa nguvu, kama anavyosuguliwa mwana wa nyumbani. Zaidi ya hapo hakusema, siku hiyo wala siku nyingine.

Wakala soseji na viazi. Mzee akalala kwanza, kisha Impi. Ilmo akabaki macho katika ule mwanga wa kiangazi cha kwetu usiozimika hata usiku, akiupapasa wimbo juu ya blanketi na kuurudia, akitafuta ndani yake kuna nini, mpaka vidole vikapunguza mwendo, vikatulia, naye akalala.