Mistari ya Mbithe

Saa kumi na mbili na nusu asubuhi, kama siku zote, Mbithe alifungua mlango wa nyuma wa nyumba yake huko Mugutha ili amwage maji aliyooshea vyombo. Beseni likabaki mikononi. Mistari ya uwanja wa mpira wa kikapu ilikuwa imelala uani, yote, myeupe, kila mmoja mahali pake. Mduara wa katikati ulikuwa chini ya kamba ya nguo, na mstari wa mtupo huru ulipita katikati ya kibanda cha kuku cha Mama Lynn, jirani yake.

"Mbithe, hii ni ya kazini kwenu?" Mama Lynn aliuliza, shuka mbichi begani.

"Ni ya chuo."

"Sawa. Mimi naanika hapo hapo. Rangi tu isishike shuka zangu."

Mbithe alimwaga maji kando, asiilowanishe mistari.

Baadaye Njau, mkuu wa michezo, alipiga simu kutoka chuoni Thika. Uwanja ulikuwa umebaki saruji tupu.

"Iko hapa kwangu," Mbithe alisema.

"Basi uje nayo mapema. Sherehe ya kumuaga Kocha ni saa nane, na wageni watataka picha."

Mistari ilifuata gari alilopanda, kwenye ukingo wa barabara kuu. Abiria waliposhuka Juja, ikasubiri.

Mbithe aliajiriwa kutunza vifaa. Kocha Ndung'u alikuja mwaka uleule, akiijua kandanda kuliko kikapu. Kila jioni kabla ya mazoezi, Mbithe alichora kwa chaki kwenye saruji pale kila msichana wa timu alipopaswa kukimbilia. Ndung'u alisimama juu ya michoro hiyo na kuwasomea. Kwa miaka kumi na minane walishinda vikombe sita. Katika picha zote sita Mbithe yuko pembeni na mfuko wa mipira.

Ndung'u hakuwa mtu mbaya. Kila Ijumaa alimletea sukuma wiki kutoka shambani kwake. Lakini Mbithe alijua kwamba katika mazoezi ya saa mbili Ndung'u huitwa "Kocha" kati ya mara tisini na mia. Binti wa Ndung'u alipoolewa, wachezaji walijipanga mlangoni mwa kanisa wakiwa wameinua mipira. Mbithe ndiye aliyeijaza upepo, yote ishirini na minne, kwa pampu ya mkono, na kila aliposukuma alitamani mmoja upasuke. Hakuna uliopasuka. Alimwambia Ndung'u neno lilelile alilomwambia baada ya kila kikombe: "Hongera, Kocha."

Mwezi uliopita Ndung'u alikuwa amemnong'oneza stoo: "Nikistaafu, hii filimbi ni yako. Nitaongea na wakubwa wa chuo."

Mistari ilipofika ilijitandaza kwenye saruji bila kelele. Wageni waliipisha, wakasogeza viti. Njau alifunua kibao kilichoandikwa UWANJA WA KOCHA NDUNG'U. Kisha akamtambulisha kocha mpya, Chege, kijana wa miaka ishirini na sita, na Ndung'u mwenyewe akamvisha filimbi. Njau alitangaza pia kwamba kuanzia Jumatatu mistari itafika saa mbili asubuhi, na kwamba imeshaandikwa kwenye orodha ya vifaa, chini ya Mbithe.

Watu walipoanza kula, Chege alimjia na kipande cha chaki.

"Madam, wanasema wewe ndio unajua wasichana wanafaa kusimama wapi. Si utanionyesha?"

Kabla hajajibu, Ndung'u alifika na vipande viwili vya keki. Alimpa kile kikubwa.

"Ile maneno yako, Mbithe, ilinitoka kichwani kabisa. Hizi shughuli ni mingi. Lakini si umefurahi? Angalia vile uwanja umependeza."

Mbithe aliangalia. Mstari wa pembeni ulikuwa umesogea hadi kwenye kiatu chake na kutulia hapo. Neno la siku zote lilimfika mdomoni. Akalimeza.

"Sijafurahi," alisema. "Nimekuonea wivu miaka kumi na minane, Kocha. Kila siku. Na sasa itabidi nianze upya na huyu."