Ratili Mia Mbili na Kumi

Mwatima Simai aliapa kulipiza kisasi akiwa amesimama mbele ya kabati la majalada, saa nne ya asubuhi, na vumbi la karatasi limemjaa mikononi. Alikwenda pale kuhifadhi barua ya kawaida, akakutana na nakala ya barua iliyomtaja yeye.

Ilikuwa mwaka 1970. Shirika la ndege lililomwajiri lilikuwa limeviandikia vituo vyake vyote kutoka Nairobi. Kila kituo kilitakiwa kipeleke mtu mmoja akasomee ukarani wa uzito wa ndege kwa miezi sita, na barua ilisema wazi kwamba wanawake wafikiriwe, kwani katika kazi hiyo hapakuwa na hata mmoja. Mwatima hakuwahi kuoneshwa barua ile. Alichokiona sasa ni jibu la mkuu wa kituo cha Unguja, Bwana Shamsi:

"Hapa tuna mwanamke mmoja. Ni mtu wa shamba, wa Makunduchi, anavaa buibui, na kazi yake ni kuwapima wanawake wenziwe nyuma ya pazia. Hafai kufundishwa. Naomba niende mimi."

Aliisoma mara tatu. Hakulia. Aliirudisha mahali pake, akafunga kabati, akaenda kunywa maji ya mtungini, na mpaka anamaliza kikombe alikuwa ameshaamua kwamba Shamsi hatakwenda Nairobi. Namna ya kumzuia hakuijua bado. Alijua tu kwamba hatakwenda.

Kuhusu pazia, Shamsi hakusema uongo. Ndege za kwenda Dar es Salaam zilikuwa ndogo, za abiria wanane, na kila abiria alipanda mizani pamoja na mzigo wake. Wanawake wa mjini walikataa kupimwa mbele ya wanaume, uzito wao ukasomwa kwa sauti kama wa magunia. Kwa hiyo mwaka 1963 Mwatima aliajiriwa, akatundikiwa khanga mbili pembeni ya ukumbi, akawa anawapima huko na kunong'ona namba. Karani wa wakati ule, Mgoa mmoja mzee, alimwona binti huyu akijumlisha kichwani upesi kuliko yeye kwa kalamu. Kabla hajahama nchi mwaka uliofuata, alimfundisha kujaza karatasi ya uzito: watu, mizigo, barua, mafuta, kila kitu na safu yake, kila kitu kwa herufi za mkato na namba, mpaka jumla ya chini ambayo rubani huitazama kabla ya kuruka.

Shamsi alikuja baadaye. Mjomba wake alikuwa mtu wa kusikilizwa. Kwa miaka mitano Mwatima alijaza karatasi, Shamsi akatia saini. Karatasi yenyewe hakuwahi kuisoma. Ya nini aisome, na siku zote ilikuwa sawa?

Nairobi ikakubali ombi la Shamsi, na wiki mbili kabla ya safari alianza kujiona ameshafika. Alishona suti. Alizishusha zile khanga kwa mkono wake.

"Basi tena mambo ya pazia," alisema. "Tunakwenda na wakati. Kila mwanamume mwandikie ratili mia na sitini na tano. Kila mwanamke mia na arubaini. Nani anapima watu siku hizi?"

"Bwana, watu hawalingani. Na ndege hizi ndogo..."

"Mwatima! Nnakwambia uandike, andika."

"Sawa, bwana," alisema Mwatima. Akaandika. Na amri ile akamwomba aiweke kwa maandishi, naye Shamsi akaiweka kwa furaha, na mhuri juu.

Siku ya safari ilikuwa Jumanne: Dar kwanza, kisha ndege kubwa ya Nairobi. Masomo yalianza Jumatano asubuhi, na kutoka Unguja ndege ya pili ilikuwa Ijumaa. Shamsi alifika uwanjani amevaa suti, kiatu kinang'ara, tiketi ya bure ya wafanyakazi mfukoni. Mkewe alimsindikiza, akasimama kwenye uzio amebeba mtoto.

Kisha wakaingia wanawake wa kwenda harusini Dar.

Walikuwa wanne, shangazi zake bwana harusi, wakiongozwa na Bi Kidawa wa Vikokotoni. Walikuwa wanawake wa haja, waliokula wakashiba maisha yao yote, na kila mmoja amevaa khanga juu ya khanga ndani ya buibui, na dhahabu mikononi mpaka karibu na viwiko. Nyuma yao alikuja Bi Mize, bibi wa Fumba, anakwenda hospitali ya Dar kutibiwa macho. Mwatima aliwatazama wakipita mbele ya mizani bila kuipanda, na moyo ukamruka. Mia na arubaini! Bi Kidawa peke yake hakupungua mia mbili.

Alichukua karatasi yake akatoka nje, akamfuata rubani aliyekuwa akiikagua ndege. Alikuwa Mzungu mwenye mvi, na Kiswahili alikijua cha kumtosha.

"Kepteni, abiria hawakupimwa. Namba hizi ni za kukisia. Amri hii hapa."

Rubani alisoma, akatazama ukumbini, akawaona wale shangazi wanne.

"Pima wote," alisema.

Khanga zikatundikwa tena. Bi Kidawa aliingia akihema.

"Mwanangu, usiisome kwa sauti. Mume wangu yuko hapo nje, anadhani uzito wangu ni ule ule alionioa nao."

"Hatosikia mtu, Bi Kidawa."

"Ngapi?"

Mwatima alimnong'oneza. Bi Kidawa alicheka mpaka mizani ikatikisika. "Ala! Na chai sijanywa!"

Wote wakapimwa, na Shamsi akapimwa, mbele ya watu, kama mwanamume yeyote: yeye na sanduku lake la safari, mia mbili na tano. Mwatima akajumlisha. Ndege ilizidi ratili mia na tisini na sita.

Rubani aliitazama jumla, akamgeukia Shamsi. "Wewe mkuu wa kituo. Punguza. Mwenye tiketi ya bure anashuka kwanza, ama utafute kitu kingine. Nakupa dakika kumi."

Shamsi alikwenda moja kwa moja kwa Bi Mize.

"Shikamoo, bibi. Wewe utakwenda Ijumaa."

"Marahaba. Ijumaa?" Bi Mize aliuinua uso wake kuielekea sauti. "Miezi minne nimefuatilia ruhusa ya serikali ya kutoka kisiwani. Jicho moja lishafunga. Hili la pili nani atalizuia mpaka Ijumaa, wewe?"

"Na huyo bibi hata mia hafiki," alisema Bi Kidawa. "Ukimshusha yeye itakubidi umshushe na mwengine. Bwana mkubwa, tiketi yako umenunua duka gani? Tuambie na sisi tukanunue!"

Shangazi wengine wakaangua kicheko. Shamsi akarudi mezani, shingo imemtota jasho, akanyoosha mkono. Mwatima akampa karatasi.

Kulikuwa na kitu cha kushusha. Kilikuwa kwenye mstari wa tisa, herufi nne na namba: sanduku la shirika lenyewe, limejaa fomu kongwe na mashine mbovu za kupigia chapa, linarudishwa bohari. Ratili mia mbili na kumi. Mzigo wa shirika hushuka kabla ya mtu yeyote, hata mwenye tiketi ya bure. Usi, mchukuzi aliyelipakia asubuhi ile, alikuwa ameegemea mlango na mkono kiunoni, kwani lilimtia maumivu ya mgongo. Alimtazama Mwatima. Mwatima alimtazama yeye.

Shamsi alishuka na kidole kutoka mstari wa kwanza. Kidole kilipita wa tatu, wa sita, kikafika wa tisa, kikasita. Kidole kikaendelea.

Hapo ndipo Mwatima alipomwona mke wa Shamsi kwenye uzio, anaushika mkono wa mtoto wake, anaupunga kuielekea ndege. Mwanamke yule hakumkosea kitu. Mashati yaliyokuwa ndani ya sanduku la safari la mumewe alikuwa ameyapiga pasi yeye. Moyo wa Mwatima ulilegea, akauonea hasira moyo wake mwenyewe kwa kulegea. Akajiambia: akiniuliza, nitamwambia. Neno moja tu.

Akasogea karibu, akasema kwa sauti ya chini ili watu wasisikie, "Unataka nikusomee, bwana?"

Shamsi aliinua kichwa. Rubani alikuwa anatazama, na wanawake wote wanatazama.

"Unisomee wewe?" alisema kwa nguvu. "Wewe mpimaji. Rudi kwenye pazia lako!"

"Sawa, bwana."

Akarudi nyuma hatua moja, akaifumba midomo yake. Hakuona huruma tena, si kwa Shamsi wala kwa mkewe kwenye uzio. Dakika saba zikapita. Nane. Kidole cha Shamsi kilirudi juu kikaanza upya. Rubani akatazama saa yake, akamwashiria Usi, na sanduku la safari la Shamsi likashushwa, likawekwa juani.

Karatasi mpya ikajazwa. Shamsi akaitia saini, kama kawaida yake, na kwa saini ile akajishusha mwenyewe.

Ndege ilipokwisha kupotea juu ya kisiwa cha Chumbe, walibaki wawili ofisini. Shamsi alikaa bila kuvua koti. Mwatima aliiweka nakala ya karatasi ya kwanza mbele yake, akagonga mstari wa tisa kwa ukucha.

"Hili ni sanduku la makaratasi ya bohari. Mia mbili na kumi. Lingeshuka hili, wewe sasa uko angani."

Ilimchukua Shamsi muda kuelewa. Kisha uso ukambadilika.

"Na wewe ulijua!"

"Mimi ndiye nliyeandika."

"Kwa nini hukuniambia?"

"Hukuniuliza. Nilikuuliza mimi."

"Ntakufukuza kazi! Leo hii!"

"Nifukuze. Ijumaa kuna ndege, na karatasi iko hapo, na kalamu iko hapo." Alivuta kiti akakaa mbele yake, jambo ambalo hakulifanya miaka mitano. "Niliiona barua yako, bwana. 'Hafai kufundishwa.' Nimekaa nayo kifuani wiki zote hizi, nataka ujue. Na leo nimefurahi. Nimefurahi sana, sioni haya kukwambia."

Nje Usi alikuwa akipiga mluzi.

Mwatima akatoa fomu ya simu ya maandishi. Alikuwa ameshaiandika kwa herufi kubwa safi: kwamba mkuu wa kituo hakusafiri, kwamba anayejaza karatasi za uzito za Unguja tangu mwaka 1964 ni Mwatima Simai, na kwamba yuko tayari kupanda ndege ya Ijumaa, kama Nairobi itakubali mwanafunzi aliyechelewa siku mbili.

"Simu ya kazi haipokelewi posta bila saini ya mkuu wa kituo," alisema. "Tia, na kesho mchana kutwa ntakaa nawe nikufundishe safu moja moja, uwaandikie abiria wa Ijumaa mwenyewe. Usitie, basi Ijumaa utampa Kepteni karatasi nyeupe."

"Na mimi ntawaambia nini watu?"

"Waambie ulizidi."

Shamsi alichukua kalamu. Aliisoma simu ile kutoka juu mpaka chini, midomo inacheza, akairudia tena. Jina la Mwatima alilikazia macho muda mrefu. Kisha akatia saini, akaisukuma mezani bila kumtazama.

Posta ya Shangani ilikuwa ikifungwa saa tisa, na muda bado ulikuwapo. Mwatima alijifunga buibui lake na kutoka kuitafuta gari ya kwenda mjini, fomu ameikamata kwa mikono miwili.