Amri Iliyorudishwa na Swali

"Kulia kumi!" alisema nahodha, na mikono yangu ikagoma.

Ilikuwa asubuhi ya ukungu mzito, ule wa kukufanya uione pua ya meli yako kwa kubahatisha. Meli yetu ya doria ilikuwa inarudi bandarini baada ya kutafuta boti iliyopotea. Tulikuwa tumeipata, na watu wake wako hai, wamelala chini ndani ya mablanketi yetu. Nahodha hakuwa ameonja usingizi tangu tulipoondoka. Alisimama nyuma yangu kwenye chumba cha usukani, macho mekundu, mkono mmoja ameshika ukuta. Mara ukungu ukapasuka, na mbele yetu, upande wa kulia, kikatokea kivuko. Injini imezima, maji yanakisukuma yanavyotaka, abiria wamejaa mpaka kwenye ngazi. Baadhi yao walitupungia mikono, maskini, wakidhani tumekuja kuwavuta.

Na nahodha wangu anasema kulia. Nyuzi kumi kulia, moja kwa moja kwenye ubavu wa watu wale.

Huyu nahodha sisi tulimwita Rudia, lakini si mbele yake, nani alikuwa na ubavu huo? Kila meli ya kijeshi mshika usukani huirudia amri kwa sauti kabla ya kuzungusha, hilo si jipya. Ila kwa Rudia lilikuwa kama dini. Ukiambiwa "funga mlango" bila kurudia, atasimama hapohapo akikutazama mpaka uone aibu. Mpishi wetu, mtu wa mizaha, alisema imemharibia nyumba yake: mkewe akimwambia asogee kitandani, yeye anajibu, "Kusogea, afande!" Ni huyohuyo aliyesema kwamba kwenye meli yetu kulia kuna zamu mbili, zamu ya usukani na zamu ya vitunguu.

Lakini Rudia alikuwa na lake la ziada, ambalo sijalikuta kwa nahodha mwingine. Siku yangu ya kwanza kwenye usukani, nikiwa mwanamke wa kwanza kuushika katika meli ile, niliushika kwa vidole vyote kumi kama utanikimbia. Alinisogelea akasema kwa upole, "Binti, amri yangu ikikukaa vibaya rohoni, usiipinge na usiitekeleze. Nirudishie na swali. Mara moja tu. Nikiisema tena, zungusha, lawama ni yangu."

"Na kama nimekosea mimi, afande?"

"Basi utakuwa umenipotezea pumzi moja. Pumzi ninazo."

Kila mmoja wetu aliambiwa maneno yale siku yake ya kwanza; tukayaona matamu, tukayaweka kando. Nani atamuuliza nahodha swali mbele ya watu? Jeshini? Wewe!

Sasa turudi kwenye ukungu.

"Kulia, afande?" nikasema. Sauti ilinitoka nyembamba, hata mimi sikuitambua.

Msaidizi wa nahodha, aliyekuwa ameinama kwenye ramani, aliinua kichwa kwa hasira. "Unauliza nini wewe? Umeambiwa kulia! Zungusha!"

Jamani, kuna woga na kuna woga. Nilimwogopa yule msaidizi kuliko homa. Mikono ilikuwa kwenye usukani, jasho linaniteleza vidoleni, na mtu mwenye cheo ananifokea sikioni. Lakini amri haikuwa yake. Nilimsubiri mwenyewe.

Nahodha alikitazama kivuko, akanitazama mimi, na nikaona uso wake ukibadilika.

"Kushoto," akasema. "Kushoto kumi. Asante."

"Kushoto kumi, afande!" Nikazungusha kwa nguvu zangu zote. Tulipita karibu mno. Nilimwona mama mmoja kwenye kivuko ameshika kofia ya mtoto wake isipeperuke, na mdomo wake uko wazi. Upande wetu wa pili, boya la njia ya meli likatukwaruza ubavu kwa mlio mbaya, kisha likazama na kuibuka limepinda. Basi. Tukavuka. Hakuna aliyekufa wala kuumia.

Boya la serikali, lakini, halipindi bure. Iliundwa kamati. Msaidizi aliandika alichokiona, na sitamsingizia: nahodha alitoa amri, mshika usukani hakuitekeleza papo hapo, meli ikachelewa kugeuka. Kwamba amri yenyewe ilikuwa mbovu hakuandika, maana alikuwa kwenye ramani, hakuona kivuko kilikuwa upande gani ilipotolewa. Kwa karatasi ile mimi nilikuwa mkaidi wa amri, na mkaidi wa amri havuliwi usukani tu, anavuliwa na sare. Mama yangu alikuwa ameitundika picha yangu ya sare sebuleni, mgeni hapewi kiti kabla hajaonyeshwa. Nilikuwa nikiwaza nani atakwenda kuishusha. Na wale waliosema mwanamke hawezi usukani walishaanza kusafisha koo.

Chumba cha kamati kilinuka rangi mpya. Mwenyekiti aliniita mbele, akaniuliza kwa nini sikuzungusha. Nifanyeje? Niseme nahodha wangu alikosea? Mbele ya wakubwa wake, wakati meli nzima inajua wiki ile anangojea kupewa kikosi kizima cha doria?

Kiti kikalia nyuma yangu. Rudia alikuwa amesimama.

"Mheshimiwa, binti huyu hakukataa amri. Alinirudishia na swali, kama nilivyomfundisha. Amri ilikuwa mbovu, na ilitoka kinywani mwangu. Nilisema kulia, nikimaanisha kushoto."

Mwenyekiti alivua miwani. "Unataka hilo liandikwe?"

"Liandikwe."

Likaandikwa. Kikosi akapewa mwingine, na Rudia akapelekwa chuoni, nchi kavu, kufundisha makuruta mpaka alipostaafu. Mimi nikarudi kwenye usukani wangu. Msaidizi alinikuta pale, akasimama kidogo, akasema, "Nilikufokea uzungushe. Namshukuru Mungu hukunisikia." Tangu siku hiyo naye alianza kungoja amri zake zirudi.

Siku ile ya kamati nilimkimbilia Rudia kwenye ngazi, nikamwambia angeweza kunyamaza tu. Alinishangaa kweli, kama nimemwambia angeweza kuruka.

"Niliwaambia wote mniulize. Wewe umeniuliza. Nikikuacha uadhibiwe, nani ataniuliza tena?"

Akashuka zake.

Juzi nimepewa meli yangu. Kabla sijaikanyaga, nilikwenda kwake na kofia yangu mpya nimeibana kwapani. Nimekuwa na walimu wengi, nawashukuru wote, lakini yule alilipa cheo chake ili mimi nisipoteze changu, na nilitaka kumwambia hivyo uso kwa uso. Amezeeka sasa. Hotuba niliyoipanga njia nzima ilinipotea mlangoni. Nikampa kofia tu.

Aliigeuzageuza, akaisogeza mbali na macho, akaileta karibu. "Hebu nipe miwani niione vizuri. Iko pale mezani, kulia kwako."

Nikatazama. Miwani ilikuwa kushoto.

"Kulia, afande?"

Aliinua uso akanitazama. Halafu akacheka, akacheka mpaka akakohoa, na mimi machozi yakanilenga.

"Kushoto," akasema. "Na huko kulia kwingine kuache. Asante."

"Kushoto, afande," nikarudia, nikaenda kumchukulia.