Sentimita Hamsini na Mbili

Mimi ni fundi cherehani, futikamba haiondoki shingoni mwangu, kwa hiyo asije mtu kunibishia mambo ya vipimo. Siku jirani yetu, tuliyembandika jina la Tofali, alipomaliza kujenga ukuta katikati ya njia ya umma, nilikwenda nikapima upenyo aliotubakizia. Sentimita hamsini na mbili. Njia iliyokuwa ikipitisha lori la mchanga!

Tuko nyumba nane nyuma ya ukuta ule. Wenzangu walinung'unika, wakazoea. Mimi sikuzoea, maana mume wangu alikuwa mgonjwa wa moyo, na daktari alishaniambia: "Mama, moyo ukimbana tena, muwahishe hospitali. Usichelewe hata kidogo."

Nikapeleka malalamiko. Miaka miwili na ushee nimesugua benchi la ofisi ya ardhi mpaka mlinzi akawa ananiita shemeji. Karani wa masijala: "Mama, jalada lipo kwa mpimaji." Mpimaji: "Lipo kwa mwanasheria." Mwanasheria yuko semina. Njoo kesho, njoo Jumatatu. Nikirudi, mume wangu ananitania, "Leo umeonana na jalada? Halijambo?" Kisha ananiambia subira huvuta heri. Heri gani, baba wee! Mimi nilikuwa nachakaza viatu tu.

Siku moja karani alinionea huruma, akanifunulia jalada. Kumbe wakaguzi walishakuja! Utaratibu wao ni kwamba kifaa cha kupimia hakishushwi mpaka gari lifike kwenye jiwe la mpaka, na jiwe lenyewe liko huku kwetu, nyuma ya ukuta. Gari likafika, likakuta ukuta, likageuza. Wakaandika: "Eneo halifikiki kwa gari. Ukaguzi urudiwe." Mara tatu, mwandiko uleule. Nilicheka mpaka karani naye akacheka, halafu nikalia palepale kaunta.

Moyo ulimbana Jumanne, saa nne asubuhi, amekaa ananifumulia pindo la sketi. Gari la wagonjwa lilikuja upesi, siwezi kuwasingizia. Likasimama ukutani. Machela haikupita. Tukamkalisha kwenye kiti changu cha kushonea, kiti nacho kikanasa. Mwishowe mkwe wangu, mume wa binti yangu, tunaoishi nao nyumba moja, akambeba mgongoni, anapita kiubavu, mimi nyuma nimeshika miguu. Hatujafika upande wa pili, miguu ikalegea mikononi mwangu. Nilijua. Sikumwambia mkwe, nikamwacha aendelee kutembea.

Jeneza nalo halikupita. Walilipitisha juu ya ukuta, pale Tofali alipopanda vipande vya chupa, na wanaume wanne wakachanika viganja. Yeye alisimama dirishani, akasema pole. Pole! Nilimtukana mbele za watu, na sijutii hata neno moja.

Wiki ya tatu mpimaji akaja kwa miguu, fomu mkononi. Sijui nani hatimaye alimkumbusha kwamba ana miguu.

"Pole na msiba, mama. Upenyo uliobaki ni kiasi gani?"

"Hamsini na mbili."

Akaandika, hata hakupima.

"Kuna madhara yoyote kwa umma?"

"Mume wangu amefia hapo uliposimama."

Akasogea pembeni, akatazama chini. Mtu mwenye adabu zake, hilo nakubali. Akageuza fomu huku na huku, kama anatafuta mahali pa kumweka marehemu.

"Mama, samahani sana. Hapa wanauliza umma. Huyu ni mtu mmoja."

Akachora kistari kwenye nafasi ile. Akaniambia jalada sasa litarudi kwa mwanasheria, ila bila sahihi ya mlalamikaji haliendi popote. Akaninyooshea kalamu.

Nilitamani kumchania ile fomu usoni. Lakini nikasaini, jamani. Binti yangu ana mimba ya miezi saba.