Msiba wa Kamera

Paulina alirudi kutoka shambani saa kumi jioni, akanawa miguu, akapika wali na perege, akala na binti yake. Saa kumi na mbili na robo alikunja mkeka, akachukua shuka, akamkumbusha Serafina afungie kuku, kisha akaenda makaburini kulala. Jirani aliyekuwa akipepeta mchele alimtakia usiku mwema. Huu ulikuwa mwaka wa ishirini na sita, na mbwa wa kijiji cha Michenga walishaacha kumbwekea.

Serafina alibaki na sahani mbili. Alikuwa na miaka thelathini na nne, mtayarishaji wa tamthilia Dar es Salaam, mtu wa simu mbili na miwani ya kupandisha kichwani, lakini saa hiyo ya jioni ilimkuta mtoto wa miaka minane kila siku. Mama yupo, mzima wa afya, na nyumba haina mama. Upweke wa namna hiyo hata huwezi kumweleza mtu akakupa pole.

Mambo yalianza pale watu wa televisheni walipokuja kijijini kupiga picha za tamthilia ya mtoto yatima, wakamchagua yeye kwa ajili ya macho yake makubwa. Maneno yote aliyajua. Machozi ndiyo yaligoma. Mwongozaji akamwita pembeni, akamwambia kwa sauti ya huruma kwamba mama yake amezama katika mto Kilombero asubuhi ile. Serafina alilia kilio kilichozungumzwa nchi nzima.

Kosa lilikuwa kuwaalika wanawake wa Michenga waigize waombolezaji. Wanawake wa Michenga hawajui kuomboleza kwa kuigiza. Walipomsikia mtoto akimtaja mama yake kwa jina, walifunga vitenge viunoni, wakakaa msibani siku tatu, wakapika, wakaimba. Katekista Gaudensi akasoma sala zote za maziko juu ya jeneza tupu, maana hakuwa na sala nyingine za bandia. Siku ya nne Paulina alirejea kutoka ng'ambo ya mto, alikokuwa kwenye dungu akifukuza ndege wasile mpunga, akakuta ameshazikwa. Alinung'unika kidogo, akanywa chai iliyobaki ya msiba wake, na jioni ilipofika akaenda alikozikwa. Watu wa televisheni walikuwa wameshaondoka.

Ndiyo maana Serafina alipokua alihamia upande wa pili wa kamera. Alibeba nyaya, akaandika ratiba, akavumilia mabosi, mpaka akawa yeye wa kuamua tamthilia inaishaje. Sasa alikuja na kikosi cha watu kumi na mmoja na hadithi aliyoiandika mwenyewe: mama anayedhaniwa amekufa anarudi, na kijiji kizima kinashangilia. Gaudensi, ambaye meno yake yalikuwa yamebaki ya kuhesabika, alimhakikishia kwamba itafaa.

"Tulivyolia kweli, ndivyo tutakavyoshangilia kweli," alisema. "Tukimaliza, mama yako atalala kwake."

Jumatano ikapangwa kilio, Alhamisi shangwe. Ili yaliyopita yasijirudie, Serafina aliwaomba wanawake wabaki majumbani hadi Alhamisi.

Mwigizaji aliitwa Jane, miaka tisa, mtoto wa Aikande, mwuza vitumbua wa stendi ya Ifakara. Jane hakulia. Edward, mwongozaji, alimpaka kitunguu, akampulizia moshi. Mtoto akapiga chafya tu, akaomba maji. Mawingu yalikuwa yanashuka kutoka Udzungwa, na mvua ikinyesha barabara inakatika. Bila kilio hakuna tamthilia, na bila tamthilia hakuna Alhamisi.

Serafina alichuchumaa mbele ya mtoto. Hakuyatafuta maneno, yalikuwa yamekaa tayari mdomoni, na hilo lilimuuma baadaye kuliko yote.

"Jane mwanangu," alisema kwa huruma, "mama yako Aikande amegongwa na lori pale stendi. Hatunaye."

Jane akalia. Edward akainua dole gumba. Huko majumbani wanawake walisikia, wakaacha masufuria jikoni, wakaja wakifunga vitenge. Serafina aliwakimbilia kuwaeleza kuwa ni uongo, nao wakampa pole, wakamkalisha mkekani, wakamwambia wafiwa wengi husema hivyo mwanzoni. Gaudensi alienda kuvaa kanzu.

Alhamisi haikuwa na shangwe, kwa sababu palikuwa na msiba. Ijumaa ilinyesha. Jumamosi kikosi kilipata upenyo wa barabara kikaondoka na kile kilio, na wakubwa wa Dar walipokiona walipiga simu kusema tamthilia iishie hapo hapo. Serafina alisema sawa. Alibaki na Jane, ambaye wazee hawakutaka aondoke kabla msiba haujavunjwa.

Jumapili jioni bajaji ilimshusha Aikande mbele ya nyumba, akiwa na mkeka kwapani na unga wa vitumbua bado mikononi.

"Shikamoo mama," alimwambia Paulina. "Nimeambiwa ni huku."

"Marahaba mwanangu. Shuka umebeba? Baridi ya alfajiri si mchezo."

Serafina alisimama mlangoni. "Mama, mimi nilikuja ili ulale ndani. Sikuja kwa kingine."

"Najua. Lakini huyu mgeni, hajazoea. Nimwache na nani?"

Hakusema kwa ubaya. Uso wake ulikuwa mwepesi, kwani miaka yote hiyo hakuwa na wa kuongea naye kule. Aikande alimpapasa Jane kichwani, akamwambia awe msikivu, kisha wanawake wawili wakaondoka wakiulizana habari za bei ya mafuta ya kupikia, wakapinda kwenye mashine ya kukoboa.

Jane aliwatazama hadi walipotoweka. Akamvuta Serafina mkono.

"Anti, nililia vizuri?"

Serafina akamwambia ukweli: alilia vizuri sana, na katika miaka yake yote ya kazi hajaona mtoto mwingine aliyelia hivyo. Jane akafurahi, akaomba aonyeshwe kwenye simu.