Pumzi Chini ya Hotuba

Walimwita Mkasi, ingawa mkasi wenyewe hakuwa nao. Siku hizi filamu hukatwa kwenye kompyuta, na yake ilikaa chumbani alimolala, maana hakuwa na ofisi wala bosi. Kazi aliijulia mikononi, kwa filamu za harusi na za watu wasio na mbele wala nyuma.

Hii ilikuwa ya shemeji yake, mdogo wa marehemu mkewe: filamu ya hospitali. Shemeji alimpiga picha dada yake wodini, angali hai, ameegemea mto, akihema na kusema, "Mashine ya hewa mbovu tangu mwezi jana. Wanasema tuvumilie." Alivumilia mpaka akazikwa.

Asubuhi hiyo shemeji aliingia, hata kuketi hakuketi.

"Wakubwa wa hospitali wameikataa filamu. Dada atoke, ndipo waipitishe."

"Atoke aende wapi tena? Si walishamtoa?"

"Shemeji, usinifanyie hivyo. Ni damu yangu. Lakini isipopita, hakuna atakayeiona wodi ile."

"Haya, mwenye nguvu mpishe. Wao wakikohoa wanapanda ndege."

Akageukia kioo cha kompyuta, akamkata mkewe. Uso ukatoka, mto ukatoka, maneno yakatoka. Kilichofuata ni mkubwa wa hospitali, suti imenyooka, anazindua jengo jipya.

Lakini picha na sauti hukaa kwenye mistari miwili tofauti, na akataye picha si lazima akate sauti. Kila filamu, Mkasi huiacha sauti ya picha iliyopita itambae kidogo chini ya picha inayofuata, mtazamaji asishtuke. Safari hii hakuacha kidogo. Aliiacha mihemo ya mkewe yote, ikavutika, ikakwama, ikavutika tena, chini ya hotuba mpaka kwenye makofi.

Shemeji akaketi.

"Watasikia."

"Wasikie. Alipokuwa hai walimsikia lini?"

"Wataifungia. Na mimi watanifungia kazi."

"Basi sema nifute."

Akaweka kidole kwenye kitufe, akangoja. Mkubwa alikuwa anaahidi. Chini yake mtu anatafuta hewa. Pumzi moja ikachelewa mno, wakaisubiri wote wawili kana kwamba huenda isije. Ikaja.

Shemeji akajifuta macho kwa kiganja.

"Toa kidole, Shemeji," alisema. "Peleka hivyo hivyo."