Fahali Mweupe wa Hekalu la Kilimani

Dada yangu Zarmina ana bucha katika soko la Phrae, kaskazini mwa Thailand, na zizi kando ya Mto Yom. Tangu baba yetu afariki, hakuna Mpatani, yaani Mwislamu wa asili ya Kipashtuni, mkoani kwetu anayethubutu kununua ng'ombe kabla Zarmina hajampanua mnyama mdomo na kumtazama meno. Baba, marehemu Gul Rahman, alitoka Swat, kwenye milima ya Wapashtuni, akapitia Burma akichuuza vitambaa, akafika hapa akamwoa binti wa mkulima wa tumbaku. Ndiyo maana sisi tuna pua za baba na ulimi wa mama. Mjini bado wapo wanaotuita wageni. Zarmina huwajibu, "Mgeni gani amezika wazazi wake hapahapa?" Kisha huendelea kukata nyama.

Mwaka ule mto ulifurika siku chache kabla ya Idi Kubwa. Maji yaliingia zizini adhuhuri, tukiwa tumemaliza kuswali. Mimi na dada tulikuwa wawili tu, na ng'ombe walikuwa wengi, wamechachamaa. Nikamwambia, "Dada, tuwafungulie, kila mmoja na bahati yake."

"Bahati gani, Daulat? Shika kamba!"

Mara tukawaona vijana wa mtaa wa juu wakiteremka, wote Wabudha, majirani zetu, maji yakiwafika kifuani. Hakuna aliyewaita. Walishika kamba pamoja nasi, wakawavuta wanyama mmoja mmoja hadi kilimani, kwenye uwanja wa hekalu. Mtawa mkuu alikuwa amekwisha fungua lango. Alisema tu, "Wafungeni mbali na maua."

Maji yalipopungua, tulikwenda kuwachukua. Wote tuliwapata isipokuwa mmoja, yaani alikuwapo, lakini hatukuweza kumkaribia. Alikuwa fahali mweupe mwenye nundu kubwa, ambaye Zarmina na familia nyingine sita walikuwa wamemnunua kwa ajili ya kuchinja siku ya Idi. Wanawake wa mtaa walikuwa wamemzunguka. Walimlisha migomba, wakamwogesha, wakamfunga kitambaa cha manjano kwenye pembe, wakampa na jina: Wingu. Mbele yao, mikono kiunoni, alisimama mama mkubwa Buakham, dada wa mama yetu.

"Huyu haendi," alisema. "Tumeamua kumkomboa. Tutachanga, tutakulipa."

"Mama mkubwa, huyu si wangu peke yangu. Ana wenyewe saba, na ameshanuiwa."

"Nuieni mwingine! Huyu alipoona maji alilia kama mtoto. Nimemsikia kwa masikio yangu."

"Ng'ombe wote hulia wakiona maji. Nami nililia."

Watu wakacheka, lakini mama mkubwa hakucheka. "Zarmina, mama yako alipokuwa mgonjwa ulinyonya ziwa langu hili. Leo unanijibu hivi kwa sababu ya ng'ombe?"

"Na ile supu unayokunywa dukani kwangu kila Ijumaa, unadhani huchumwa mtini?"

Hapo hata watawa wadogo walijificha nyuma ya nguzo kucheka. Mama mkubwa akasema polepole, "Wale sikuwajua majina."

Wote wawili walimwendea mtawa mkuu awaamue. Akasema hekalu lilitoa uwanja, halikuchukua mnyama wa mtu. Fahali ni wa wenyewe, na hisani ya kulazimishana si hisani. Akarudi kufagia matope.

Kwa hiyo kamba ilikuwa mkononi mwa Zarmina, na angeweza kuondoka naye. Badala yake aliifunga tena mtini.

Njiani nilimuuliza, "Umeogopa wanawake?"

"Nimemwogopa nani mimi? Wale vijana walitia shingo zao majini kwa ajili ya mali yangu, nami sijawapa hata ahsante. Nilikuwa najisifu moyoni kwamba nimeokoa zizi langu."

Jioni aliwaita washirika wake msikitini. Mzee Sherzaman, anayeuza mablanketi, alikuja juu: "Leo wametunyang'anya fahali, kesho watatufunga bucha! Tukilegea, binti yangu, tumekwisha."

"Hakuna aliyelegea, baba. Imamu, nikitoa mnyama bora kuliko yule, inafaa?"

"Akiwa bora, inafaa," imamu alijibu. "Lakini bora kuliko yule utampata wapi leo?"

"Zizini kwangu. Yule mwekundu."

Yule mwekundu alikuwa fahari ya nyumba yetu. Zarmina alimlea kutoka ndama, akakataa kumuuza kwa matajiri wa Chiang Mai, maana alimtaka awe baba wa kundi zima. Mzee Sherzaman alishika ndevu. "Huyo, binti yangu, sina la kusema."

Asubuhi Zarmina alipanda hekaluni na kuzungumza mbele ya wote, sauti juu kama anavyonadi sokoni. "Wingu ni wenu. Simuuzi, nawapa, kwa kamba mlizonishikia. Lakini sikilizeni. Siionei aibu kazi yangu. Kesho kutwa nachinja, na anayekula ng'ombe aje kuchukua fungu la jirani kama enzi za baba. Asiyekula nitampelekea tambi za maziwa. Na nikikuta kitambaa kwenye pembe ya mnyama wangu mwingine, nakigeuza dasta ya dukani!"

"Mdomo huo!" mama mkubwa alisema, akijifuta macho. "Umeurithi kwa nani?"

"Kwa maziwa niliyonyonya."

Siku ya Idi, kabla ya kumlaza yule mwekundu, dada alimkuna shingo kwa muda mrefu, nasi tulimsubiri bila kumharakisha. Alilitaja jina la baba, aliyemnuilia fungu lake, kwa sauti isiyotetemeka. Mama mkubwa alikuja mchana, akakaa kwenye mkeka na wanawake wetu kumenya vitunguu, akawagombeza kwa kuvikata vinene. Nyama hakuigusa siku hiyo. Alikula tambi bakuli mbili.

Wingu alinenepa mno kilimani, akala maua yote ya mtawa mkuu. Hakuna aliyefikiri kumfunga vizuri, naye alikuwa fahali, si sanamu. Mwaka uliofuata mitaa ya juu ilijaa ndama weupe, wenye nundu za kupendeza, na wenyewe wakawateremsha mmoja mmoja kuwauza. Zarmina aliwapanua midomo, akawatazama meno, akawanunua.